JE, KARATASI INAWEZA KUTUAMBIA SISI NI NANI?



Tunawasalimu kutoka hapa Lubaga, sisi pamoja na wazee wa kanisa, wamama, vijana na kwaya zote. Tunawasalimu pia ndugu zetu mlioko Nakivale, Kyangwali na Kyaka II, ambao jarida hili huwafikia kwa mkono wa wasafiri. Wengi mmetuuliza juu ya vipimo vya tabia ambavyo vimeingia makanisani mwetu: katika semina za viongozi, katika mafundisho ya wachumba, na siku hizi hata katika simu za vijana. Mtu anajibu maswali, anahesabu alama, kisha anaambiwa yeye ni mtu wa namna gani. Je, Mkristo avipokee vipimo hivi au avikatae? Tunataka kujibu kwa uaminifu, na kwa sababu hiyo tutaanza kwa kuungama kosa letu wenyewe.

KOSA LETU

Miaka michache iliyopita mgeni mmoja alitufundisha kwa siku mbili juu ya hulka nne za binadamu. Alikuwa mwalimu mzuri na hatumlaumu kwa lolote. Alitugawia karatasi za maswali, kila mtu akaweka alama zake, akajumlisha, akapata jina: sangwini, yule mchangamfu, koleriki, yule wa amri na haraka, melankoli, yule wa mawazo mengi na huzuni, na flegmatiki, yule mtulivu asiyesukumika. Tulicheka sana siku hiyo. Mzee mmoja alisimama akasema kwamba kwa miaka kumi na minane amemwona mke wake kuwa mvivu, na leo ameelewa kwamba ni mtu wa polepole tu. Wamama wakapiga vigelegele.

Majuma matatu baadaye tulikaa kuchagua kiongozi wa idara ya wamama. Jina la mama mmoja likatajwa. Mmoja wetu akasema, "Huyo ni melankoli, karatasi yake tuliiona. Mtu wa huzuni atawavunja wengine moyo." Tukatikisa vichwa kukubali, tukapita kwenye jina lingine.

Mama huyo alizika watoto wawili njiani kabla hajafika mpaka wa Bunagana. Karatasi ilimwuliza: Je, unapenda kukaa peke yako? Je, mambo ya zamani hukaa moyoni mwako muda mrefu? Je, unalia upesi? Naye alijibu kweli: ndiyo, ndiyo, ndiyo. Karatasi ikauita msiba wake hulka. Nasi tuliokuwa tunaijua habari yake yote, tuliokaa naye na kuomba naye, tuliamini karatasi kuliko tulichokijua.

Tulipokwenda kwake kuomba msamaha, hakukasirika. Alisema tu, "Baba Pasta, kule kwetu mimi ndiye niliyekuwa nikiwachekesha watu sokoni."

Neno hilo halijatutoka. Ndilo linalotufanya tuandike haya.

VIPIMO HIVI VIMETOKA WAPI?

Habari ya hulka nne ni ya zamani mno. Waganga wa Wayunani walifundisha kwamba mwilini mna maji ya aina nne: damu, nyongo ya manjano, nyongo nyeusi na kohozi. Daktari Galen, aliyezaliwa Pergamo, mji ule ule unaotajwa katika Ufunuo sura ya 2, aliendeleza mafundisho hayo katika karne ya 2, na majina tunayoyatumia yametokana na maji hayo. Leo hakuna daktari wa Hospitali ya Mengo atakayekupima nyongo nyeusi. Utabibu huo umekwisha, lakini majina yake yamebaki. Yaliingia makanisani kwa nguvu kupitia Tim LaHaye, mchungaji wa Marekani, aliyetoa kitabu juu ya hulka na Roho Mtakatifu mwaka 1966. Katika kitabu kingine cha mwaka 1971 alimweka Petro kuwa sangwini, Paulo koleriki, Musa melankoli na Abrahamu flegmatiki. Sisi wenyewe tuliyasoma hayo katika chuo cha Biblia na tukayapenda.

Kuna na kipimo cha aina kumi na sita, ambacho vijana wanakipenda kwa sababu kinawapa herufi nne. Mizizi yake ni Carl Jung, daktari wa Uswisi, aliyeandika mwaka 1921 juu ya watu wanaoelekea nje na watu wanaoelekea ndani. Jung alifika hata pande zetu: mwaka 1925 alishuka Mombasa, akakaa kati ya watu wa Mlima Elgon, kisha akapita Uganda kuufuata mto Nile hadi Misri. Baadaye huko Marekani mama mmoja, Katharine Briggs, na binti yake Isabel Briggs Myers, walitengeneza maswali kutokana na mawazo yake. Jung mwenyewe hakupenda watu wabandikwe aina kama bei kwenye bidhaa.

Wataalamu wengi wa siku hizi hawaweki watu katika masanduku. Wanapima sifa kuu tano: kupenda mambo mapya, uangalifu katika kazi, uchangamfu, upole kwa wengine, na wepesi wa kupata wasiwasi. Kila mtu anazo zote tano, huyu zaidi na yule kidogo, kama vile sisi sote tuna urefu lakini hatulingani. Hilo ni afadhali, kwa maana watu wengi huangukia katikati, na sanduku halina katikati.

MAMBO MATATU YA KUTAHADHARI

Kwanza, tunapenda kuambiwa habari zetu. Mwaka 1948 mwalimu mmoja wa Marekani, Bertram Forer, aliwapa wanafunzi wake 39 kipimo cha tabia, kisha akampa kila mmoja matokeo yake kwa siri. Akawaomba waseme yanafaa kiasi gani, kutoka 0 hadi 5. Kwa wastani walitoa 4.26. Ndipo akawaonyesha kwamba wote walikuwa wamepewa maneno yale yale, mengi yakiwa yametolewa katika kitabu cha unajimu. Ukimwambia mtu kwamba ana uwezo ambao bado hajautumia, au kwamba anaonekana imara lakini ndani ana mashaka, nani atakataa? Kwa hiyo kusema "Karatasi imenijua!" bado si ushahidi.

Pili, sisi wakimbizi tumezoea kuulizwa. Tumeulizwa mpakani, tumeulizwa polisi, tumeulizwa ofisini, na mara nyingi jibu liliamua kama tutapata kibali au chakula. Tumejifunza kutazama uso wa anayeuliza na kumpa jibu analolitaka. Hatusemi hivi kwa kujidharau. Ni jambo la kibinadamu, nalo linaharibu vipimo. Mwaka 2019 watafiti walichapisha kazi iliyokusanya majibu ya watu zaidi ya 94,000 katika nchi 23 za kipato cha chini na cha kati. Waliona kwamba maswali ya zile sifa tano, yakiulizwa nyumba kwa nyumba na mtu mwenye kalamu, mara nyingi hayapimi kile yanachokusudia kupima. Sababu moja waliyoitaja ni hii: watu hukubali wanachoulizwa. Basi ukijibu "ndiyo" kwa sababu kiongozi amesimama karibu nawe, matokeo ni ya kiongozi, si yako.

Tatu, na hili ndilo zito, karatasi haijui uliyopitia. Inasoma siku moja. Haiwezi kutofautisha mtu aliyezaliwa mkimya na mtu aliyejifunza kunyamaza porini ili asisikike. Haiwezi kutofautisha mwenye hasira za asili na yule asiyelala usiku kwa sababu kila kishindo cha mlango kinamrudisha vitani. Moyo wa mwenzako ni msitu wa giza, walisema wazee. Na msitu uliochomwa moto haufanani na vile ulivyokuwa ulipopandwa.

KWA NINI SISI HASA TUJIHADHARI

Ndugu zetu, wengi wetu tulikimbia kwa sababu mtu fulani alitutazama, au aliuliza jina letu, akasema, "Hawa ndivyo walivyo." Miaka ya 1930 Wabelgiji waliandika kabila katika vitambulisho vya watu wa Rwanda, na waliandika pia vitabu vilivyodai kwamba hawa wamezaliwa kutawala na wale wamezaliwa kulima. Mwaka 1994 neno moja katika kitambulisho lilitosha kumwua mtu penye kizuizi cha barabarani. Huko Kongo nako tumesikia makabila mazima yakiitwa wajanja, au wakali, au wageni.

Hatusemi kwamba karatasi ya hulka ni sawa na kitambulisho kile. Lakini njia inaanza mahali pamoja: kumpa mtu jina moja, kisha kuacha kumsikiliza kwa sababu jina limekwisha kusema. Sisi tuliofanyiwa hivyo tulitegemewa kuwa wa mwisho kumfanyia mwenzetu. Na tulimfanyia mama yule, tena katika kikao kilichofunguliwa kwa maombi.

ELIYA CHINI YA MRETEMU

Someni 1 Wafalme 18 na 19. Fikirini kwamba mtu amempa nabii Eliya karatasi ya maswali siku ya Karmeli. Anawacheka manabii wa Baali, anatoa amri, haogopi mfalme. Tungesema: koleriki kabisa! Kisha mpeni karatasi ile ile baada ya kumkimbia Yezebeli. Amemwacha mtumishi wake, ameketi peke yake jangwani chini ya mti, anaomba afe. Tungesema: melankoli. Mtu ni mmoja, na safari kati ya siku hizo mbili haikuwa ndefu.

Tazameni Mungu alivyomtendea. Hakumwambia yeye ni mtu wa aina gani. Alimtuma malaika na mkate na maji, akamwacha alale, akampa chakula mara ya pili, kwa sababu safari ilikuwa kubwa kuliko nguvu zake. Baadaye sana, huko Horebu, ndipo akamwuliza swali, tena akaliuliza mara mbili, na akamsikiliza mara zote mbili. Mwisho akampa kazi, na akampa Elisha wa kutembea naye. Chakula, usingizi, swali, masikio, kazi na rafiki. Sisi tulimpa mama yule jina tu.

BASI TUVITUMIEJE?

Hatuvitupi. Yule mzee aliyemwelewa mke wake baada ya miaka kumi na minane alipata faida ya kweli, na nyumba yake ina amani zaidi. Kioo kidogo ni bora kuliko kukosa kioo, mradi tujue kwamba ni kidogo. Tunashauri hivi:

1. Soma matokeo kama swali. Karatasi ikisema wewe ni mtu wa hasira, usiseme "ndivyo nilivyo." Uliza: ni kweli? Tangu lini? Ninapokuwa na nani?

2. Mpelekee anayekujua. Mwonyeshe mke wako, mume wako, au rafiki aliyekufahamu kabla ya vita. Watu wa nyumbani wameona mengi ambayo hukujiandikia.

3. Tenga hulka na jeraha. Jiulize, "Nilikuwa hivi kabla hatujakimbia?" Kama sivyo, huenda unahitaji kupumzika, kulia na kusikilizwa, au kumwona daktari, wala hakuna aibu katika hilo.

4. Usifanye hulka kuwa ruhusa. Tumemsikia mume akisema, "Mimi ni koleriki, mke wangu anivumilie." Hapana, ndugu. Unaweza kuzaliwa na sauti kubwa, lakini mkono unaopiga ni wako. Hulka tulipewa, tendo tunalichagua, nalo tutalijibia mbele za Mungu.

5. Usilibebe jina la mwenzako kwenye kikao. Matokeo yake ni siri yake. Tangu siku ile tumekubaliana na wazee kwamba katika kuchagua viongozi hatutataja hulka ya mtu. Tutauliza amefanya nini, na nani anaweza kumshuhudia.

Samweli alikuwa nabii mkubwa, na bado alipomtazama Eliabu alidhani amemwona mfalme. Kama yeye alikosea kwa kutazama, sisi tutakosea kwa kujumlisha alama. Daudi katika Zaburi ya 139 anamwomba Mungu amchunguze. Hajidai kujimaliza kujijua. Hata hivyo anaomba, maana anataka kuongozwa. Huko ndiko kujijua kunakotakiwa kutufikisha.

Mama yule sasa ndiye anayeongoza kutembelea wagonjwa na wafiwa, hapa Lubaga na hata Ndeeba na Nateete. Anaingia nyumba ya msiba, anaketi chini, hasemi neno kwa muda mrefu. Watu wanasema hakuna anayewafariji kama yeye. Na Jumapili iliyopita, baada ya ibada, tulimsikia nje akisimulia kitu, na wamama waliomzunguka walikuwa wakicheka hadi kufuta machozi.

MASWALI YA VIKUNDI VYA NYUMBANI

- Ni jina gani ulilopewa na watu ambalo bado linakuuma?
- Ni nani katika kikundi chetu ambaye tumeacha kumsikiliza kwa sababu tunadhani tumekwisha kumjua?
- Ulikuwa mtu wa namna gani kabla ya kukimbia? Msimulie mwenzako mmoja.

Neema ya Bwana wetu Yesu Kristo na iwe pamoja nanyi nyote. Amina.

Ni sisi watumishi wenu katika Bwana, Lubaga.