Alishtuka, Basi Anasikia

Mtoto alikuwa amelazwa mkekani kwenye chumba cha mbele, Iringo, mjini Musoma. Bibi yake, aliyekuwa ametoka Butiama kuja kumhudumia mzazi, akasimama upande wa kichwani, akashika mfuniko wa sufuria na mwiko, akapiga mara moja kwa nguvu. Mtoto akarusha mikono juu, akafumbua macho. "Si unaona, mwanangu? Huyu anasikia, tena vizuri," akamwambia mkwewe. Nyumba ikatulia. Habari ya masikio ya mtoto yule haikuzungumzwa tena mpaka alipofikisha mwaka na nusu, na hata hapo walidhani wanazungumzia ulimi.

Kisa hiki hakina jina la mtu. Nimekiunga kutokana na mambo yanayowapata wazazi wengi, ili mwenye mtoto mchanga ayaone yakiwa yamefuatana.

Kwanza tuangalie siku zake za mwanzo. Mama yake alishikwa na uchungu usiku, uchungu ukawa mrefu, na mtoto alipotoka hakulia. Mkunga alimpangusa, akamsugua mgongo, akampa hewa kwa mfuko na barakoa mpaka sauti ikatoka. Siku ya pili mwili ukachemka, akaanzishiwa sindano za ampisilini na jentamaisini, akachomwa wiki nzima. Siku ya nne macho yakawa ya manjano, akalazwa chini ya taa ya bluu. Walipotoka hospitalini mtoto alikuwa ananyonya na uzito unapanda. Wahudumu wale waliokoa uhai, na sina lawama nao kwa hilo.

Lakini katika siku hizo chache mtoto alikuwa amepita kwenye mambo matatu, na kila moja linaweza kugusa usikivu. Kukosa hewa wakati wa kuzaliwa huweza kuumiza sikio la ndani na njia zake kwenda kwenye ubongo. Jentamaisini, dawa inayookoa vichanga wengi kila mwaka, inaweza kuua seli zenye vinyweleo zilizomo ndani ya sikio, na seli hizo zikifa hazioti tena. Manjano ikipanda sana, sumu yake hushambulia mshipa wa fahamu unaobeba sauti. Mtoto wa namna hii anatakiwa kutoka wodini akiwa na tarehe ya kupimwa masikio, imeandikwa kwenye kadi. Yule wa Iringo alitoka na tarehe ya chanjo tu.

Sasa, ule mfuniko. Bibi hakuwa mjinga. Alikuwa analea kama alivyolelewa, na wajukuu wengi walikuwa wamepita mikononi mwake salama. Ila kipimo chake kina kasoro ambazo jicho halizioni. Sauti kubwa hutikisa sakafu, na mkeka uko sakafuni. Mkono unaopiga husukuma hewa na kutupa kivuli. Kichanga hushtuka hata kwa kuguswa, kwa mwanga, au bila sababu yoyote, maana ndivyo miezi yake ya kwanza ilivyo. Zaidi ya hayo, kutosikia kuna viwango. Mtoto anaweza kuupata mlio wa chuma kilichogongwa karibu na kichwa chake, na bado asipate hata silabi moja ya mama yake anayezungumza kwa sauti ya kawaida. Makofi, funguo zinazotikiswa, mlango unaobamizwa, vyote vina udhaifu huo huo.

Kitu cha pili kilichowadanganya kilikuwa sauti ya mtoto mwenyewe. Alipofika mwezi wa nne alikuwa akisema "aguu" na kucheka, na kila jirani aliyepita alimjibu. Wachache wanajua kwamba mtoto asiyesikia naye hufanya hivyo. Sauti hizo za mwanzo hutoka kwenye koo lenyewe, hazingoji masikio. Tofauti huonekana baadaye, kati ya mwezi wa sita na wa kumi, pale mtoto anayesikia anapoanza kupanga "ba-ba-ba" na "da-da-da" kwa kuiga anachosikia. Asiyesikia hana cha kuiga, na sauti yake hupungua kidogo kidogo. Nyumba ile iliposhuhudia kupungua huko ilifurahi. Walimwita mpole. Alilala huku redio ikiunguruma, injini za mitumbwi zikiwaka alfajiri kule ziwani, na watoto wa nyumba ya pili wakigombana dirishani. "Mwanao hasumbui," wanawake walimwambia mama yake, na yeye akamshukuru Mungu.

Mwezi wa tisa akapelekwa kupata chanjo ya surua na rubella. Mizani ikasema vizuri. Mwezi wa kumi na nane akarudishwa kwa dozi ya pili, hana neno hata moja. Baba akasema, "Hata mimi nilichelewa, muulizeni mama." Shangazi akasema ulimi umeshikwa. Kabla mtoto hajatimiza miaka mitatu, mtu mmoja wa mtaani akamkata ule utando chini ya ulimi kwa wembe. Damu ilitoka, maneno hayakutoka. Akaombewa.

Hapa nitakaa kidogo, kwa sababu ndipo penye maumivu ya kisa hiki. Mtoto wa miaka mitatu anaitwa akiwa amegeuka upande wa pili. Anaitwa tena. Anaitwa kwa ukali. Haitiki, anaendelea kuchezea mchanga. Anakuja mtu, anamchapa. Kwa upande wa mtoto lilitokea jambo moja tu: alikuwa anacheza, kofi likaja kutoka nyuma. Hajui lilitoka wapi, hajui kosa ni nini, na hana neno la kuuliza. Akijifunza kung'ata na kurusha vitu anaitwa mkaidi. Watoto wa mtaa wanamwita bubu, na kwa kuwa hasikii tusi hilo, wanalisema mbele yake. Mama yake analisikia.

Aliyegundua ni mwalimu wa chekechea. Aliona kwamba msichana huyu husimama wenzake wakishasimama, hupiga makofi wenzake wakishaanza, na akipewa kisogo hafanyi lolote. Akamwita mama pembeni, akamwambia kwa upole, "Dada, huyu mtoto mpeleke akapimwe masikio. Usingoje likizo." Wakapanda basi la Mwanza, wakapita Bunda, Lamadi na Magu, wakafika hospitali ya Bugando. Kule mtoto alipewa dawa ya usingizi, akabandikwa vijiwaya kwenye paji la uso na nyuma ya masikio, mashine ikapeleka sauti na kusoma kama ubongo unazipokea. Kwa masikio yote mawili ubongo haukupokea hata zile kubwa.

"Daktari, ilianza lini?" mama akauliza.

"Huenda wiki ile ya kwanza, mama."

Msichana alikuwa na miaka minne. Katika miaka yote hiyo alikuwa hajui kwamba watu wana majina, wala kwamba yeye analo. Uziwi peke yake haumfanyii mtu hivyo. Tanzania ina viziwi wazima wenye familia, wenye ujuzi wa kazi, wanaobishana siasa kwa Lugha ya Alama ya Tanzania, na wana chama chao, CHAVITA. Shule ya viziwi ya kwanza nchini ilifunguliwa Tabora mwaka 1963, ile ya Buguruni ikafuata 1974 na ya Mwanga 1981. Kilichomdhuru msichana wa Iringo ni kuishi miaka minne bila lugha yoyote, ya mdomo wala ya mikono, katika umri ambao ubongo hujenga lugha kwa kasi ambayo haiji tena. Na haikuwa ajabu: watoto viziwi zaidi ya tisa kati ya kumi huzaliwa na wazazi wanaosikia, kwa hiyo nyumbani hakuna anayejua alama hata moja mpaka mtu awaambie kwamba zinahitajika.

Mwaka 1998, Christine Yoshinaga-Itano na wenzake wa jimbo la Colorado, Marekani, walichapisha matokeo ya kuwafuatilia watoto wenye matatizo ya kusikia. Waliogunduliwa kabla ya kutimiza miezi sita na kuhudumiwa mara moja walikuwa na lugha nzuri kuliko waliochelewa, kwa tofauti kubwa, awe mtoto anatumia maneno au alama. Hapo ndipo ulipopata nguvu utaratibu ambao wataalamu wanaushika hadi leo: mtoto apimwe kabla ya mwezi mmoja, tatizo lithibitishwe kabla ya miezi mitatu, huduma ianze kabla ya miezi sita. Huduma yenyewe inaweza kuwa shimesikio, yaani kifaa cha kuvaa sikioni cha kukuza sauti, inaweza kuwa lugha ya alama kwa familia nzima, inaweza kuwa vyote viwili. Upandikizaji wa vifaa vya usikivu ulianza katika hospitali ya Muhimbili mwaka 2017, jambo la kujivunia, lakini nao huzaa matunda zaidi mtoto akiwa mdogo. Anayeletwa na miaka minne bila lugha yoyote ana mlima mrefu wa kupanda.

Kipimo cha mwanzo ni chepesi kuliko wazazi wengi wanavyofikiri. Mwaka 1978, David Kemp, mwanafizikia wa hospitali moja ya masikio jijini London, alionyesha kwamba sikio zima hutoa sauti lenyewe. Ukilipelekea mlio mdogo, zile seli zenye vinyweleo hutikisika na kurudisha mwangwi hafifu mno, ambao maikrofoni ndogo inaweza kuunasa. Muuguzi anaweka kizibo laini mlangoni mwa sikio la mtoto aliyelala, anangoja dakika chache, mashine inaonyesha kama mwangwi umerudi. Hakuna sindano wala damu, na mtoto haamki.

Kipimo hicho nacho kina mipaka ambayo mzazi anapaswa kuijua, asije akaogopa bure au akatulia bure. Siku ya kwanza au ya pili masikio yanaweza kuwa bado na majimaji ya uzazi, mwangwi ukashindwa kupita, na mtoto mzima akaonekana ana shida. Dawa yake ni kurudia, na kurudi siku uliyopangiwa. Upande wa pili, mtoto aliyepata manjano kali anaweza kuwa na seli nzima na mshipa wa fahamu ulioharibika. Huyo mwangwi utarudi vizuri huku sauti haifiki kwenye ubongo. Mtoto aliyelazwa wodi ya vichanga apimwe kwa vijiwaya, kama alivyopimwa msichana wa Iringo kule Bugando.

Na tusidhani kwamba wa kupimwa ni wale waliougua tu. Karibu nusu ya watoto wanaozaliwa na tatizo la kusikia hawana dalili yoyote ya kumtahadharisha mkunga: walilia walipozaliwa, hawakupata manjano, hakuna kiziwi katika ukoo. Ndiyo maana Uingereza na Marekani humpima kila mtoto. Kwa makadirio ya kimataifa, kati ya watoto 1,000 wanaozaliwa, mmoja hadi watatu wana tatizo la kudumu la kusikia. Shirika la Afya Duniani limeeleza kwamba takriban asilimia 60 ya uziwi wa watoto unatokana na sababu zinazozuilika, nyingi zikiwa karibu nasi kabisa: rubella kwa mama mjamzito, homa ya uti wa mgongo, surua, uzazi wenye matatizo, usaha wa sikio usiotibiwa. Chanjo ya rubella iliingia Tanzania mwaka 2014. Kila msichana anayekamilisha dozi zake analinda masikio ya watoto atakaowazaa.

Yule mama wa Iringo alipata mtoto wa pili, mvulana. Safari hii hakumruhusu mtu ashike mfuniko. "Mama, naomba radhi, huyu atapimwa kwa mashine," alimwambia mkwewe, na bibi hakubisha. Alipouliza mahali alipojifungulia, akaambiwa mashine hawana. Mtoto alipofikisha wiki ya tano akapanda naye basi la Mwanza. Sikio la kulia lilijibu, la kushoto halikujibu, akaambiwa arudi baada ya wiki mbili. Nauli ya pili aliikopa kwa mwenzake wanayeanika naye dagaa. Aliporudi, yote mawili yakajibu. Kazi ya kwanza aliyompa mvulana huyo alipoanza kutembea ilikuwa kumgusa dada yake begani pale mama anapomwita, na alama ya "mama" aliijua kabla hajaweza kulitamka neno lenyewe.

Nauli mbili za Mwanza kwa kipimo cha dakika chache, mwanamke anayeuza dagaa akiweza, mwenzake wa kijijini Butiama hataweza. Tunayo siku ambayo karibu kila mama huja mwenyewe: wiki ya sita, mtoto anapoletwa kwa chanjo ya Penta. Masikio yameshakauka. Mwezi mmoja umepita kidogo, lakini bado zimebaki kama wiki saba za kuthibitisha tatizo kabla ya mwezi wa tatu kutimia. Mashine za kupima mwangwi zinazoshikika mkononi na kutumia betri zipo, na muuguzi akifundishwa anaziweza. Moja ikiwekwa kwenye meza ileile ya chanjo, mjini Musoma, Bunda, Kiabakari, na ikabebwa kwenye boksi siku za huduma ya mkoba vijijini, kinachohitajika kingine ni mtoto aliyenyonya akashiba na kulala.