Miaka Isiyo Yetu

Mtumishi wa umma anayekopa benki shilingi milioni 30 ili apate nyumba Katesh au Mbulu mjini, mkoani Manyara, kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka na muda wa miaka 15, atalipa takriban shilingi 440,600 kila mwezi. Hiyo ndiyo namba anayotajiwa, na ndiyo anayoipima na mshahara wake kuona kama italipika. Namba nyingine hazitajwi kwa sauti hiyo hiyo. Katika rejesho la kwanza, shilingi 400,000 ni riba, na elfu 40 na ushee tu ndizo zinazopunguza deni. Akilipa miaka 5 bila kukosa hata mwezi mmoja atakuwa ametoa milioni 26.4, na bado atadaiwa milioni 26.3. Siku anayomaliza atakuwa amelipa milioni 79.3. Akishawishika kurefusha mkopo hadi miaka 25 ili apate nafuu, nafuu hiyo ni kama shilingi 33,000 kwa mwezi, na bei yake ni milioni 43 zaidi, kwa kuwa jumla inafika milioni 122.3. Hapo hatujagusa uthamini, bima, usajili wa rehani wala ada ya mwanasheria. Na mfano huu haukuchaguliwa ili kutisha: katika miaka ya karibuni riba za mikopo ya nyumba nchini zimekuwa kati ya asilimia 13 na 19.

Hakuna wizi katika hesabu hizo. Zinafuata kanuni iliyo wazi, na mkopaji ameweka sahihi. Ndiyo maana swali lake halimalizwi na sheria, na linawahusu sana watu wa wilaya za Mbulu na Hanang, Wakatoliki, Walutheri na Waislamu, ambao dini zao zote zimewahi kuliuliza: yule anayepokea milioni 49 juu ya 30 alizotoa, ameuza nini? Matofali hakuuza, wala kiwanja. Ameuza miaka. Wanateolojia wa Ulaya katika karne ya 12 na 13 walilikataa jambo hili kwa hoja moja iliyo nzito, kwamba mla riba anauza muda, na muda ni wa Mungu, amewapa watu wote bure. Thomas Aquinas alifika huko kwa njia nyingine. Kwake fedha hutumika kwa kutumiwa ikaisha, kama nafaka, kwa hiyo kudai malipo ya matumizi yake juu ya kurudishiwa fedha yenyewe ni kuuza kitu kisichokuwepo. Qur'ani nayo imetenganisha biashara na riba, ikahalalisha ya kwanza na kuharamisha ya pili, ingawa iliwasikia waliosema kwamba mambo hayo mawili yanafanana.

Mtu wa leo ana haki ya kujibu kwamba dunia ya Aquinas imepita, na jibu lake lina nguvu. Fedha iliyo benki ina mwenyewe aliyeiweka, naye anataka faida. Thamani ya shilingi hushuka, kwa hiyo anayerudishiwa milioni 30 baada ya miaka 15 amerudishiwa pungufu. Tukubali yote hayo, kisha tuhesabu. Tukichukua mfumuko wa bei wa asilimia 4 kwa mwaka, kiwango kisicho mbali na kile ambacho Tanzania imekizoea kwa miaka mingi sasa, marejesho yale yote ya milioni 79.3 yana thamani ya karibu milioni 59.6 za leo. Hoja ya mfumuko inaondoa milioni 20 hivi, na si haki kuificha. Lakini mkopaji bado anarudisha karibu mara mbili ya alichopewa, na sehemu inayobaki inahitaji sababu nyingine. Benki zenyewe huitaja: gharama za uendeshaji, gharama ya kupata fedha za muda mrefu, na hatari ya kutolipwa.

Sababu hiyo ya mwisho ndiyo inayostahili kuchunguzwa, kwa sababu hapo ndipo haki inapoponyoka. Ikiwa sehemu ya riba ni ujira wa kubeba hatari, basi aliyelipwa ujira huo anapaswa kuibeba hatari inapofika. Tuitazame miaka 7 tu ya Manyara. Mwaka 2017 India iliweka ukomo wa kuagiza mbaazi, na bei ikaporomoka kiasi kwamba wakulima waliokuwa wamelitegemea zao hilo kama fedha taslimu hawakuona sababu ya kuvuna. Mwaka 2021 hadi 2022 ukame uliua mifugo kaskazini mwa nchi, mkoa huu ukiwamo. Tarehe 3 Desemba 2023 mvua ilibomoa mteremko wa Mlima Hanang, tope na mawe na magogo vikashuka hadi Katesh na Gendabi, na watu zaidi ya 80 wakafa. Mkopo wa miaka 15 unapita katikati ya misimu ya namna hiyo mara kadhaa. Mkataba wa kawaida hauitambui: rejesho la mwezi wa ukame ni lile lile la mwezi wa mavuno, na likichelewa linaongezewa adhabu. Bima, pale ilipo, hulipa kile tu kilichoandikwa ndani yake. Mkopeshaji amelipwa kwa ajili ya kesho isiyojulikana, na kesho hiyo ikifika mbaya, anayeipokea ni mkopaji peke yake.

Si kweli kwamba watu wa wilaya hizi hawajui namna nyingine ya kukopeshana kwa muda mrefu. Miongoni mwa Wairaqw na Wadatoga kumekuwapo desturi ya mwenye ng'ombe wengi kuwaweka baadhi kwa mtu mwingine. Mpokeaji hunywa maziwa na kupata samadi ya shamba lake, mwenye ng'ombe hubaki na mali yake na uzao wake. Ng'ombe akifa kwa ugonjwa au njaa bila uzembe wa mtunzaji, msiba ni wa mwenye ng'ombe. Nisieleweke kuwa naisifia desturi hii kupita kiasi. Ilimpa tajiri wafuasi na kumweka maskini chini ya fadhila za mwenzake, na hatuwezi kujenga mji kwa ng'ombe wa kuazima. Ninachokitafuta ndani yake ni kanuni moja: faida ya muda na balaa la muda vilikaa mkononi mwa mtu mmoja. Aliyevuna ndama wa mwaka mzuri ndiye aliyempoteza mama yao mwaka mbaya.

Maandiko nayo, yakisomwa kwa makini, yanahangaika na jambo hilo hilo kuliko yanavyohangaika na kiwango cha asilimia. Katika sura ya 5 ya kitabu cha Nehemia watu wanalia kwamba wameweka rehani mashamba, mizabibu na nyumba zao ili wapate nafaka wakati wa njaa. Nehemia hawaulizi wakopeshaji kama mikataba ilikuwa sahihi, anawataka warudishe mashamba na ile sehemu ya mia waliyokuwa wakitoza. Walawi 25 inaagiza kwamba bei ya shamba ihesabiwe kwa idadi ya mavuno yaliyobaki hadi mwaka wa yubile, maana kinachouzwa ni mavuno, ardhi yenyewe haiuziki moja kwa moja. Kumbukumbu la Torati 24 inakataza kuchukua rehani jiwe la kusagia, kwa kuwa huko ni kuchukua uhai wa mtu, na inamwamuru mwenye kudai asimame nje wakati mdaiwa anakwenda mwenyewe kuleta dhamana. Na Qur'ani, baada ya kuikataza riba, inaagiza kwamba mdaiwa aliye katika dhiki apewe muda mpaka afarijike, na kwamba kumsamehe kama sadaka ni bora zaidi. Benki zinazotoa huduma za Kiislamu nchini, Amana ikiwa imefungua milango mwaka 2011, huuza kwa bei iliyopangwa tangu mwanzo badala ya kutoza riba. Bei hiyo nayo huwa juu ya bei ya taslimu, na mtu asidhani anapewa bure. Lakini ikishakubaliwa haipandi, na ushirika wa umiliki, pale unapofuatwa kwa dhati, unamfanya mwenye fedha awe na sehemu katika nyumba na katika hasara ya nyumba.

Lile jiwe la kusagia linaibua swali ambalo wachumi hawalipendi: je, vipo vitu visivyopaswa kuwekwa rehani kabisa? Hernando de Soto wa Peru, katika kitabu chake cha mwaka 2000, alisema ardhi isiyo na hati ni mtaji uliokufa, na MKURABITA, mpango wa Tanzania wa kurasimisha rasilimali na biashara za wanyonge, ulizaliwa katika hali hiyo ya fikra. Hoja yake ina chembe ya ukweli: mwanamke wa Dongobesh mwenye hati ya kimila anaweza kukopa mbegu na kusimama mwenyewe. Hata hivyo Hanang imeshaona ardhi ikihesabiwa kwa kipimo kimoja tu. Kuanzia mwishoni mwa miaka ya 1960 shirika la umma la kilimo, NAFCO, kwa msaada wa Kanada, lilifungua mashamba ya ngano ya ekari zipatazo 100,000 katika tambarare za Basotu, malisho ya Wabarabaig, ambao ni tawi la Wadatoga. Makaburi ya wazee wao yalilimwa, na kesi ya kijiji cha Mulbadaw dhidi ya NAFCO, waliyoishinda Mahakama Kuu mwaka 1984, wakaipoteza Mahakama ya Rufani mwaka uliofuata. Rehani haikuhusika pale, lakini somo ni la kila anayeiweka ardhi mezani: thamani yake kwa wenyewe haimo katika bei inayoandikwa na mthamini. Wahadzabe wa Bonde la Yaeda, wilayani Mbulu, walichagua kinyume chake. Mwaka 2011 walipata hati ya kimila ya pamoja, na ardhi ya namna hiyo hakuna mtu mmoja anayeweza kuipeleka kwa mkopeshaji. Aiitaye hiyo mtaji uliokufa na aende akaone kama Wahadzabe wangekuwa bado na mahali pa kusimama bila hati hiyo.

Pingamizi kubwa kuliko yote linatoka kwa mtu mwema. Anasema: fedha za benki ni akiba za wakulima, wastaafu na vyama vya ushirika. Huruma kwa mdaiwa ni hasara kwa mwenye akiba, na benki ikijulikana kwamba inasamehe, walio na uwezo wa kulipa nao wataacha. Silipuuzi. Lakini nani amedai kusamehewa? Kinachodaiwa na haki ni mkataba unaopinda kwa masharti yaliyoandikwa mapema: kwamba serikali ikitangaza maafa katika kata fulani, marejesho ya hapo yasimame kwa miezi iliyotajwa, bila adhabu na bila riba ya miezi hiyo kulimbikizwa juu ya deni. Mwenye akiba hatanyang'anywa kitu, kwa kuwa riba aliyoilipa mkopaji katika miaka mizuri ilikwisha kutozwa kwa ajili ya siku hiyo. Benki itakayosema haiwezi, basi ipunguze ile sehemu ya riba inayoiita ujira wa hatari.

Sheria imefungua mlango kidogo. Sheria ya Ndoa ya 1971 na Sheria ya Ardhi ya 1999 zinataka ridhaa ya mwenzi kabla nyumba ya familia haijawekwa rehani, na kanuni za Benki Kuu za mwaka 2019 za kuwalinda watumiaji wa huduma za fedha zinataka gharama za mkopo ziwekwe wazi. Ridhaa ya mke aliyeonyeshwa rejesho la mwezi tu ni ridhaa ya nusu. Mezani hapo aonyeshwe jumla ya miaka 15, salio la baada ya miaka 5, na aelezwe kwamba baada ya notisi ya siku 60 nyumba inaweza kuuzwa, na mnada usipofikia deni, kwa kawaida kilichobaki kinaendelea kudaiwa. Wachungaji, mapadre na masheikh wanaobariki misingi ya nyumba wangeweza kuuliza juu ya karatasi hiyo kabla ya kubariki. Wanasikilizwa kuliko afisa mikopo.

Kuna atakayesema kwamba asiyekopa naye analipa. Ni kweli: pagale linaloota majani kwa miaka 10 lina gharama yake, na kodi ya nyumba hairudi, na watoto hukua mara moja tu. Lakini uchaguzi haukomei kati ya pagale na milioni 79. Tuchukue zile milioni 30 na kuzigawa mara tatu: milioni 10 za msingi na kuta, zilipwe kwa miaka 4, kisha 10 za kupaua na mabati, kisha 10 za madirisha, sakafu na umeme. Kwa riba ile ile ya asilimia 16 rejesho ni shilingi 283,400 kwa mwezi, na jumla ya mikopo yote mitatu ni milioni 40.8. Hata mikopo midogo ikitozwa asilimia 20, jumla haifiki milioni 44. Vifaa vitapanda bei njiani, na familia itahamia kwenye nyumba isiyo na dari. Lakini kila baada ya miaka 4 deni linafika sifuri, na kama msimu huo mvua imegoma au bei ya vitunguu saumu imeanguka sokoni, wanaweza kukaa mwaka mzima bila kudaiwa na mtu kabla ya kuchukua mkopo wa mabati.