Deni la Hazina na Mlango wa Kulidai

Himdi zote ni za Mwenyezi Mungu, aliyeharimisha dhulma baina ya waja wake. Na rehema na amani zimshukie Mtume wetu Muhammad, na jamaa zake na masahaba zake. Ama baada ya hayo, ndugu zetu Waislamu:

Miongoni mwa mambo yanayowatia watu hofu katika miji yetu ni barua ya kodi. Mtu huipokea dukani kwake, akaikunja kabla ya kuisoma hadi mwisho, akaitia katika mtoto wa meza na kusema, "Mungu atajaalia." Siku zikapita. Kisha huenda benki kutoa pesa za kununulia bidhaa, akaambiwa kuwa fedha zake zimezuiwa. Hapo ndipo aliapo kuwa amedhulumiwa. Huenda ni kweli. Lakini mlango wa kusemea ulikuwa wazi, na yeye ndiye aliyeupa mgongo.

Katika jambo hili twasikia kauli mbili. Wako wasemao kwamba mali ya Serikali haina mwenyewe, basi kuila si dhambi. Na wako wasemao kwamba Serikali ikisha kudai, mnyonge hana la kujibu. Kauli zote mbili haziafikiani na dini.

Ama ya kwanza, mali ya hazina ina wenyewe, nao ni umma wote: mgonjwa aliye hospitali, na mtoto aliye skuli. Bwana Mtume (s.a.w.) ametufundisha ya kuwa mwenye uwezo akichelewesha deni kwa makusudi amefanya dhulma. Naye alipoletewa maiti aliyekufa na deni asiache cha kulilipa, alijizuia kumsalia, mpaka Abu Qatada alipojitwika deni lile.

Ama ya pili, yatosha kisa cha Hisham bin Hakim. Alipita nchi ya Sham akawaona wakulima wamesimamishwa juani. Alipouliza, akaambiwa kuwa wanadaiwa jizya. Akakumbusha aliyoyasikia kwa Mtume, kwamba Mwenyezi Mungu atawaadhibu wale wawaadhibuo watu duniani. Hakutosheka na kusikitika njiani. Alimwendea amiri, Umayr bin Sa'd, akamweleza, na watu wale wakaachiliwa. Tena Abu Yusuf, kadhi mkuu wa Harun al-Rashid, aliyefariki mwaka 798, alimwandikia Khalifa kitabu kuhusu kharaji. Humo alimtaka asiruhusu watu kupigwa wala kusimamishwa juani kwa ajili yake, wala kutozwa zaidi ya wajibu wao. Deni lilikuwa ni haki, lakini njia ya kulidai ilikuwa na mipaka.

Na sheria ya nchi yetu Kenya nayo imeweka mipaka. Katiba ya 2010, kifungu cha 210, yasema hapana kodi itakayotozwa ila kwa sheria. Na kifungu cha 47 champa kila mtu haki ya kutendewa kwa uadilifu, na kupewa sababu kwa maandishi akidhurika haki yake. Kisha Sheria ya Taratibu za Kodi ya 2015 yaeleza hatua zenyewe. Kamishna akikadiria deni, ni juu yake kumjulisha mdaiwa kwa maandishi. Asiyeridhika ana siku 30 za kupeleka pingamizi lililoandikwa, lenye sababu na hati zake. Na ile sehemu asiyoibishia, ailipe au apatane namna ya kuilipa. Kamishna ana siku 60 za kutoa uamuzi. Zikipita kimya, pingamizi huwa limekubaliwa. Ukitoka uamuzi usiomridhisha, mdaiwa ana siku 30 za kwenda kwenye Baraza la Rufaa za Kodi, na baada yake iko Mahakama Kuu. Aliyecheleweshwa na ugonjwa au safari aweza kuomba muda wa kupinga, na aliye katika dhiki aweza kuomba muda wa kulipa. Nayo Qur'ani imetuamuru kumngojea mwenye dhiki mpaka apate wasaa. Lakini anyamazaye deni lake huthibiti, na hapo ndipo Kamishna huweza kuiandikia benki yake.

Basi yatupasa mambo matatu. Tusome barua siku ile ile ifikapo, na tuandike tarehe yake. Tuweke daftari za biashara kwa uaminifu, kwani pingamizi la uwongo ni ushahidi wa uwongo. Na wanaojua kusoma sheria wawasaidie wazee na wajane wasiojua, kama Hisham alivyowasemea wasioweza kujisemea.

Na kwa vijana wetu walioajiriwa kukusanya mali ya umma twasema: kumbukeni jinsi Bwana Mtume alivyomkemea juu ya mimbari mkusanya zaka aliyerudi na zawadi akidai kuwa ni zake. Na jihadharini na dua ya mwenye kudhulumiwa, kwani haina pazia baina yake na Mola wake.

Twamwomba Mwenyezi Mungu atulipie madeni yetu, ya waja na ya umma, kabla ya siku ambayo hapana dinari wala dirhamu. Amin.