Shahidi Kabla ya Kifo

Kiswahili kimetupa maneno mawili kwa mtu aliyeuawa kwa ajili ya imani: mfiadini na shahidi. Kanisani huwa tunayatumia kana kwamba ni neno moja. Lakini la kwanza linatazama kifo, na la pili linamtazama mtu aliyejua jambo akakubali kulisema. Perpetua na Felisita, ambao majina yao husomwa pamoja katika Sala ya Ekaristi ya Kwanza, naona tumewaheshimu kwa lile la kwanza na kuwasahau kwa la pili.

Waliuawa Karthago, katika nchi ambayo leo ni Tunisia, tarehe 7 Machi 203. Perpetua alikuwa na miaka kama 22, binti wa ukoo wa heshima, aliyesomeshwa vizuri, na mwanawe alikuwa bado ananyonya. Alipofungwa aliandika kwa mkono wake, na ni vigumu kupata maandishi ya mwanamke Mkristo yaliyo ya kale kuliko hayo. Anaandika giza la gereza, joto, msongamano, na wasiwasi wa mama anayemwona mtoto akidhoofika kwa njaa. Aliporuhusiwa kukaa naye, gereza likawa kwake kama jumba la kifalme. Baadaye baba yake, ambaye hakuwa Mkristo, akakataa kumrudisha mtoto. Perpetua anasema tu kwamba mtoto hakulilia tena ziwa, wala matiti yake hayakumuuma, na kwamba Mungu ndiye aliyependa iwe hivyo.

Hapo mimi husimama kila ninapomsoma. Tumezoea kuuwazia utakatifu kuwa ni kuupa mwili kisogo. Huyu anamtafuta Mungu penye maziwa, na anamwona. Nani mwingine angeweza kulishuhudia hilo?

Baba yake alimsihi mara kadhaa aikane imani. Perpetua alimwonyesha chombo kilichokuwa karibu, akamuuliza kama kinaweza kuitwa kwa jina lisilo lake. Hakiwezi. Basi na yeye asingeweza kujiita kitu kingine ila Mkristo. Hoja ya nyumbani kabisa, na bado sijaona ya kuishinda. Wala hakuitoa kwa moyo mkavu: liwali Hilarianus alipoamuru mzee apigwe fimbo, aliumia kana kwamba amepigwa yeye.

Felisita alikuwa mtumwa. Hakuandika, na Perpetua hamtaji katika kurasa zake. Habari zake tunazo kwa mkono wa yule aliyezichukua kurasa hizo akazikamilisha kuwa kitabu. Alikuwa na mimba ya miezi minane, na sheria ilikataza kumuua mjamzito, hivyo aliogopa kuachwa nyuma, auawe baadaye peke yake kati ya wahalifu. Wenzake wakaomba, uchungu ukamshika. Alipolia, mlinzi mmoja akamdhihaki: kama analia sasa, mbele ya wanyama wakali uwanjani itakuwaje? Akamjibu kwamba mateso haya anateseka mwenyewe, ila siku ile atakuwamo ndani yake mwingine, atakayeteseka kwa ajili yake. Karne mbili baadaye Augustino aliwahubiri wanawake hawa. Felisita alikuwa ameshahubiri, gerezani, akiwa katikati ya kuzaa.

Uwanjani waliachiliwa ng'ombe mkali. Perpetua aliangushwa, akainuka, akamwona Felisita amelala chini. Akamwendea, akampa mkono, akamwinua. Wakasimama pamoja, binti wa ukoo na mtumwa.

Mtoto aliyezaliwa gerezani alikuwa wa kike. Dada mmoja wa kanisa alimchukua, akamlea kama mwanawe. Dada huyo hakuhukumiwa, hakuacha maandishi, na jina lake halisomwi katika sala yoyote. Siku moja mtoto angeuliza mama yake ni nani, na wa kumjibu angekuwa yeye.