Tunamlipa Mwongozaji Juu ya Nini?

Mwaka 2012 nilimnyima kijana mmoja matabishi yake, na tangu siku ile sijaacha kujiuliza kama nilikuwa na haki. Jambo lenyewe ni dogo. Lakini wazee wetu walikuwa wakikaa usiku mzima kwenye baraza juu ya mbuzi mmoja, kwa maana nyuma ya mbuzi kulikuwa na neno. Basi, ndugu msomaji, unikubalie nami nikae kidogo juu ya matabishi.

Sisi watu wa Kamango tunaishi chini ya Ruwenzori bila kuijua. Mlima uko pale, nyuma ya mashamba ya kakao, umejifunika mawingu yake siku nyingi kuliko unavyoonekana. Asubuhi moja moja, mvua ikiisha kunyesha usiku, unatoka wote, na wenye macho mazuri wanasema wameona weupe. Ndugu zetu Wanande, na Wakonzo wa upande wa Uganda, ule weupe wanauita nzururu, na jina la Rwenzururu limetoka humo. Wanasimulia kwamba huko juu ndiko anakokaa Kitasamba, na kwamba anayepanda ni mgeni katika nyumba ya mwenyewe. Sisi Watalinga tuna maneno yetu, lakini hata mtoto wetu hapigi kelele ovyo akiuelekea mlima.

Nilikuwa nimefundisha miaka kumi na minane, na kila mwaka nilichora ubaoni theluji ambayo sijaiona. Nikaanza kuweka pesa kidogo kidogo. Zilipotosha, mimi na mwalimu mwenzangu tukapanda pikipiki mpaka Beni, halafu Mutwanga, chini kabisa ya mlima, karibu na kituo cha parki cha Mutsora. Miaka ile parki ya Virunga ilikuwa inapokea watu wa kupanda. Wenye pesa na miguu wanakwenda siku nyingi: Kalonge, Mahangu, Kiondo, mpaka kwenye barafu yenyewe. Sisi tulikuwa na siku moja tu. Mpango ulikuwa kufika Kalonge, juu ya mita 2,000, na kusogea mbele mpaka mahali fulani pa wazi ambapo, tuliambiwa, mawingu yakikubali mtu anaiona nzururu bila kitu katikati.

Hakuna anayeingia mule bila mwongozaji. Tulipewa kijana wa pale pale, baba wa watoto watatu, mwenye panga na fimbo. Asubuhi saa moja alisema neno moja tu la maana: «Saa sita tukiwa hatuyafika, tunarudia.» Tukaitika haraka, kama vile mtu anavyotia sahihi kwenye karatasi ambayo hakuisoma.

Njia inaanza katika mashamba, halafu msitu unafunga. Mvua ya usiku ilikuwa imeacha matope mpaka kifundo cha mguu. Mwenzangu alikuwa amevaa viatu vyake vya Jumapili, kwa sababu ndivyo vilivyokuwa vizima, na kila mteremko ulikuwa unamchezesha. Tulipita vijito, tukashika mizizi kama kamba, tukaingia kwenye mianzi. Saa sita ilitukuta bado tunahema. Kijana hakusema kitu, akatuachia nusu saa nzima. Halafu akasimama, akatazama juu, akatazama viatu vya mwenzangu.

«Papa, turudie.»

Nikamuuliza kama ni mbali bado. Akanijibu: «Hapana. Dakika makumi mbili hivi.»

Hasira ilianzia hapo. Angenidanganya kwamba bado ni saa mbili, ningerudi kwa amani. Nikamwambia nimelipa. Akasema: «Ulilipa kwenda na kurudia, papa. Ile ya kwenda imeisha.» Nikatoa dola kumi mfukoni, nikamwonyesha. Aliitazama, wala sitasema hakuitamani, maana ilikuwa pesa. Akageuza macho kwenye wingu jeusi lililokuwa linashuka. «Dola haiwezi kukausha mawe, papa.» Akatangulia kushuka.

Na mvua haikunyesha. Nawaambieni, hata tone. Saa kumi tulikuwa chini Mutwanga, wingu likiwa limekwenda zake Uganda, na mlima ukafunguka wote nyuma yetu, weupe wa juu ukiwaka jua la jioni. Watu wa pale hawakugeuza hata shingo. Nikamaliza malipo yaliyobaki, nikaiacha ile dola kumi mfukoni. Kijana akasema: «Aksanti, papa. Mwende muzuri.»

Je, nilimdai, au nilikuwa namdaiwa? Kwa miezi mingi nilisema namdai. Nililipa ili nione, sikuona, na sababu iliyonizuia haikutokea. Mtu akikuuzia muhogo na mfuko ukawa mtupu, unampa matabishi?

Tena mimi ni mtu mzima. Mwili ni wangu. Kama nataka kuutia hatarini kwa ajili ya dakika makumi mbili, mwongozaji ni nani wa kunikataza? Anipe shauri, halafu anifuate. Maneno haya yana nguvu, na vijana wetu waliosoma wanayapenda. Lakini yanasahau tipoyi. Katika vijiji vyetu, mgonjwa akishindwa kutembea, wanaume wanne wanaweka miti mabegani na kumbeba mpaka hospitali, na wengine wanne wanafuata nyuma kupokezana. Kila mwanaume wa Kamango amepata kidonda cha bega kwa sababu ya mguu wa mtu mwingine. Ningevunjika juu ya Kalonge, mwili uliokuwa «wangu» ungekuwa mabegani mwa kijana yule na wenzake, usiku, kwenye mawe yale yale. Basi hatari niliyokuwa naitaka ilikuwa ya kukopa, na wenye kulipa hawakuulizwa.

Kuna kitu kingine kilichonisumbua, na hiki ni cha kwetu hasa. Sisi tumezoea kurudishwa. Nani hajaambiwa «rudia» kwenye bariere, na mtu mwenye bunduki? Tumejifunza kwamba neno lile lina bei, ukitoa kitu kamba inashuka. Nafikiri ndiyo maana mkono wangu ulikwenda mfukoni bila kuniuliza. Nilidhani nimefika kwenye bariere. Lakini ya kijana yule haikufunguka kwa dola kumi, wakati mwenyewe alikuwa na watoto watatu na mashati mawili. Kukataa kwake hakukumletea faida yoyote, kulimpunguzia. Mpaka leo sijapata kipimo kingine kilicho bora cha kumjua anayekurudisha kwa ajili yako na anayekurudisha kwa ajili yake.

Inabaki ile mvua isiyonyesha. Hapa akili inateleza kuliko miguu. Tunapenda kusema: hakuna kilichotokea, basi alikosea. Kumbe mwongozaji haongozi kwa habari za saa kumi, anaongoza kwa anachokiona saa sita na nusu: wingu, matope, viatu vya Jumapili. Ajali iliyozuiwa haina kaburi la kuonyesha. Wala hatasifiwa, kwa sababu tuliorudi wazima ndio tunaosema safari iliharibika.

Mwezi wa sita 1889 Luteni Stairs, mtu wa msafara wa Stanley, alijaribu kuupanda mlima huu kutoka upande wa Semuliki. Alifika karibu mita 3,250, akaona mabonde marefu bado yako mbele yake na chakula hakitoshi, akarudi. Hata hivyo kilele kimoja leo kina jina lake. Miaka miwili baadaye Stairs huyo huyo aliongoza msafara wa Katanga, na huko hakurudi nyuma: Mwami Msiri aliuawa tarehe 20 mwezi wa kumi na mbili 1891. Kilele kirefu kuliko vyote, mita 5,109, kinaitwa Margherita, jina la malkia wa Italia, tangu Duke wa Abruzzi alipofika mwaka 1906. Wakonzo walimbebea mizigo. Vilele vina majina ya Wazungu waliotazama kwa mbali, wala hakuna kimoja chenye jina la aliyebeba.

Kilichogeuza moyo wangu hakikutoka katika vitabu. Tarehe 11 mwezi wa saba 2013, ADF waliishambulia Kamango. Watu zaidi ya 60,000 walikimbilia Bundibugyo, nami nikiwamo, na watoto. Tulikuwa na jirani anayejua vivuko vya mto Lamia. Katikati ya migomba alinyoosha mkono, akasema tukae. Tulikaa. Ng'ambo ya pili ilikuwa inaonekana, watoto walikuwa wanalia, na mimi, mtu wa dakika makumi mbili, sikufungua mdomo. Aliposema twende, tukaenda. Sijui mpaka leo alichokiona au alichokisikia, na sikumuuliza. Usiku ule, nimelala chini kule Bubukwanga, nilimkumbuka kijana wa Mutwanga, nikaona haya.

Halafu mwaka 2014, tarehe 22 mwezi wa tatu, wakimbizi waliokuwa wanarudi kwetu kutoka kambi ya Kyangwali walipakiwa kwenye boti moja ziwani Albert. Ilijaa kupita kiasi, ikapinduka, wakafa zaidi ya 200. Watu wetu. Ninajiuliza tu kama ufukoni alikuwako hata mmoja wa kusema «wewe subiri ya kesho», na kama alikuwako, waliokuwa wamekwisha lipa walimjibu nini. Ninajua mimi ningemjibu nini.

Wala sitaki kusema kwamba sikupoteza kitu, maana huo nao ungekuwa uongo wa kujifariji. Mwaka 1906 milima sita ya Ruwenzori ilikuwa na barafu. Kufikia miaka ya 2000 ilibaki mitatu, na sasa ni Stanley peke yake inayoshika kitu cha maana, nayo inapungua kila mwaka. Usalama umetufungia njia mara nyingi tangu siku zile, na magoti yangu yamefunga iliyobaki. Dakika zile makumi mbili hazitarudi. Kijana aliponirudisha alichukua kitu changu cha kweli, na nadhani alijua. Mtu anaweza kuwa amefanya vizuri na bado akawa amekuachia pengo. Hayo mawili yanakaa katika nyumba moja bila kugombana. Mimi nililitazama pengo peke yake.

Mwalimu mwenzangu, mwenye viatu, nikimweleza haya yote ananicheka. Anasema yeye alikuwa anaomba Mungu tangu saa nne kijana aseme neno lile, na kama ningemwambia, angetoa matabishi yeye mwenyewe.

Dola kumi ile niliiweka ndani ya kitabu kwa muda mrefu, halafu ikaliwa na karo ya shule kama pesa nyingine zote. Siku hizi ningeweza kumtumia kwa simu, lakini jina lake nililisikia mara moja asubuhi ile na sikulishika. Mwaka juzi alipita hapa Kamango mfanyabiashara wa kakao anayetoka Mutwanga. Nikamweleza: kijana mwembamba, watoto watatu, alikuwa anapandisha watu Kalonge mwaka 2012, yule aliyenirudisha karibu na kufika. Alifikiri kidogo, akacheka.

«Papa, utamutambua namna gani? Wale wote wanarudishaka watu.»