Siri Iliyoletwa na Siri Iliyotafutwa

Mwandishi wa Kijapani Hirai Taro, ambaye kwa mapenzi yake kwa Edgar Allan Poe alijiita Edogawa Rampo, alitunga mwaka 1925 hadithi ya kijana aliyechoshwa na dunia, akawa hutambaa darini mwa nyumba ya wapangaji akiwachungulia wenziwe katika faragha zao, hata usiku mmoja akamdondoshea mmoja wao sumu kinywani alipokuwa amelala. Mpelelezi Akechi Kogoro, naye akipita dari ile ile, alimfichua. Kisha akamwambia kwamba hana nia ya kumpeleka polisi, maana haja yake ilikuwa kuijua kweli tu.

Kimya hicho kimenishughulisha kuliko mauaji yenyewe. Hapa Matai, Tanzania, penye vyumba vya kupanga ambavyo aghalabu havina dari na ukuta wa kati haufiki paa, mtu huyajua ya jirani yake bila ya kukusudia: deni, ugomvi wa mume na mke, kilio cha usiku wa manane; na mwenye adabu asubuhi humwamkia kana kwamba hakusikia neno. Padri naye, katika nchi hii iliyozoea kuungama tangu wamisionari wa White Fathers walipofika Karema mwaka 1885, hunyamaza hata kaburini, na Mtaguso wa Laterano wa mwaka 1215 ulimhukumu mwenye kutoboa siri ya kitubio avuliwe daraja na afungiwe utawani maisha yake yote.

Lakini padri aliletewa siri na mwenyewe, tena aweza kumnyima maondoleo asiyetubu. Akechi aliitafuta. Kurani, katika Sura ya Hujurat, imekataza kupeleleza ya watu, na wanazuoni kama al-Mawardi walipolegeza walilegeza kwa ajili ya kuokoa roho ya mtu isidhulumiwe. Basi aliyepanda darini kwa rukhsa iliyotolewa kwa ajili ya mdhulumiwa, akashuka na kweli akaifanya starehe ya akili yake, amekula amana ya maiti. Bwana Msa, mpelelezi wa hadithi za Muhammed Said Abdulla, pamoja na maneno yake mengi yanayowachosha wengine, walau huyasema aliyoyagundua mbele ya watu.

Yamkini mtu atajibu kwamba Akechi alimwachia muuaji dhamiri yake. Dhamiri ilikuwa ya muuaji; haki ilikuwa ya marehemu na jamaa zake, na hao hawakushauriwa.