Wajibu wa Mwenye Kuona

Je, kuona kitu ni sawa na kukijua, na kukijua ni sawa na kukitendea haki? Swali hili ni la kale, lakini katika zama zetu limepata sura mpya. Siri ya tumbo la mama, ambayo wazee wetu waliingoja miezi tisa kwa dua na subira, leo yaweza kutazamwa katika kioo kabla tumbo lenyewe halijajitokeza. Yafaa, msomaji, tulipime jambo hili kwa utulivu, maana laweza kumgusa mtu aliye karibu nawe kuliko unavyodhani.

Tuchukue kisiwa cha Mfangano, katika Ziwa Viktoria, kuwa mfano wetu. Zamani mkunga wa huko alipapasa tumbo akakisia. Yakini ilikuja siku ya kuzaliwa. Wakizaliwa pacha wanaume, wasemao Kiluo humwita wa kwanza Opiyo na wa pili Odongo, na majina hayo yalingoja mlangoni mpaka wenyewe watokeze. Siku hizi mama aendaye hospitali huweza kuambiwa mapema kwamba amebeba wawili.

Chombo kifanyacho kazi hiyo huitwa altrasaundi. Ukisimama mbele ya majabali ya Mlima Kwitutu ukapiga ukelele, jabali hukurudishia sauti yako. Chombo nacho hupeleka mwilini mawimbi ya sauti yasiyosikika kwa sikio la mwanadamu, kisha hupokea mwangwi wake na kuugeuza picha. Mwaka 1958 Dkt. Ian Donald na wenzake wawili wa Glasgow, Uskoti, walitangaza kazi yao juu ya matumizi hayo katika jarida la utabibu liitwalo Lancet. Mwaka 2016 Shirika la Afya Duniani lilipendekeza kila mjamzito apimwe hivyo walau mara moja kabla ya wiki ya 24.

Ni nini kionekanacho? Matabibu huhesabu wiki tangu siku ya kwanza ya hedhi ya mwisho. Katika wiki ya 5 huonekana kifuko kidogo chenye maji, na pengine hakuna zaidi. Karibu na wiki ya 6 huonekana kiinitete, kifupi kuliko punje ya mchele, na ndani yake kitu kinachometameta: huo ndio mwendo wa moyo unaoanza. Katika wiki ya 8 kina urefu wa milimita 16 hivi; kichwa ni kikubwa, na mikono na miguu imechipuka kama machipukizi ya mti. Kufika wiki ya 12 urefu wake, toka utosini hadi matakoni, ni kama milimita 54, naye hurusha miguu ingawa mama hasikii lo lote. Tena, kwa kuwa katika wiki hizo za mwanzo karibu wote hukua kwa mwendo mmoja, kipimo hicho hutoa umri wa mimba kwa tofauti ya siku chache tu. Picha huonyesha pia kama mimba imetunga mahali pake au imetunga nje ya mji wa mimba, hatari iwezayo kumwua mama.

Lakini picha haijisemei. Moyo usipoonekana leo, pengine ni hesabu ya siku iliyokosewa. Kwa hiyo tabibu mwangalifu hangoji kuulizwa, bali humwita mama tena baada ya siku kadhaa kabla ya kutamka neno zito. Huko Mfangano, katika majabali ya Mawanga na Kwitone, iko michoro ya kale ya miviringo myekundu na myeupe. Kila mgeni huiona, lakini maana yake haikuandikwa juu ya jiwe. Vivyo hivyo kioo huonyesha umbo. Thamani ya umbo hilo huamuliwa na dhamiri, dini na sheria. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010, katika ibara ya 26, imetamka kwamba uhai wa mtu huanza mimba inapotungwa. Na ibara iyo hiyo imemruhusu mtaalamu wa afya aiondoe mimba pale maisha au afya ya mama imo hatarini. Sheria imetazama wawili.

Kioo hakitazami hivyo. Ndani yake mtoto ana kichwa na moyo, na mama ni kivuli tu kilichomzunguka. Uso wake haumo, wala hofu yake, wala nauli ya mashua ya kuvuka maji kwenda Mbita, wala daftari alilolifunga. Uchunguzi wa kitaifa wa mwaka 2022 ulionyesha kwamba katika Homa Bay wasichana wapatao 23 katika kila 100 wa miaka 15 hadi 19 walikuwa wamewahi kushika mimba. Kwa Kenya nzima walikuwa 15. Hao ni wa umri wako, msomaji. Mmoja wao aweza kuwa aliketi dawati moja nawe.

Basi mwenye kuona ana wajibu. Aliyeguswa na moyo wa milimita chache, na aguswe pia na moyo unaoulisha. Ni unafiki kuistaajabia picha na kumcheka aliyeibeba, kuitangaza siri yake njiani, au kumsahau mvulana aliyeshiriki kisha akanyamaza. Akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki. Msichana huyo anahitaji wa kumsindikiza kliniki mapema, wa kumtunzia siri, na wa kumpokea shuleni arudipo.

Elimu imetupa jicho la kupenya gizani. Jicho hilo halina huruma lenyewe; huruma sharti itoke kwetu sisi tunaotazama.